Sokwe wa Gombe wamebaki mia moja: je, watazaana ndugu kwa ndugu mpaka waishe?

Tangu Jane Goodall, mtafiti aliyewafanya sokwe wa Gombe, mkoani Kigoma, wajulikane duniani, alipofariki tarehe 1 Oktoba 2025, akiwa na umri wa miaka 91, habari za sokwe zimerudi vijiweni na kwenye makundi ya WhatsApp. Nimesoma maoni mengi. Hoja inayojirudia kuliko zote ni hii: Gombe wamebaki sokwe kama 100 tu, hao ni wachache mno, watazaana ndugu kwa ndugu na mwisho wataisha. Kwa hiyo, wanasema watu, si wachukuliwe wengine kisiwa cha Rubondo au Uganda wapelekwe Kigoma?

Swali hilo lina akili ya mfugaji ndani yake, na halistahili kubezwa. Ila jibu lake linapita kwenye mambo ambayo wengi tunayachanganya, kuanzia jina lenyewe la mnyama.

Kwenye habari za redio na mitandao, neno "sokwe" hubebeshwa wanyama wawili. Yule mkubwa wa milima ya Virunga na msitu wa Bwindi, ambaye dume lake huota manyoya ya fedha mgongoni, ni gorila. Tanzania haina gorila wa porini hata mmoja. Wa Gombe na Mahale ni sokwe mtu, ambaye Waswahili wa Kongo humwita sokomutu. Ni mdogo kuliko gorila na hupanda miti kwa wepesi. Si nyani wala ngedere pia, na alama ya haraka ya kumtambua ni kwamba hana mkia. Katika makala hii nikisema sokwe, namaanisha huyo.

Sokwe hawa wote wa Afrika ni spishi moja, lakini wamegawanyika katika makundi makubwa manne ambayo wanasayansi huyaita nususpishi: wa magharibi, wanaoishi kuanzia Senegal hadi Ghana, wa mpaka wa Nigeria na Kameruni, ambao ndio wachache kuliko wote, wa kati, wa Kameruni, Gabon na Kongo Brazzaville, na wa mashariki, ambao ndio wetu. Wa mashariki wanapatikana Kongo ya Kinshasa, ambako ndiko waliko wengi, kisha Uganda, Rwanda, Burundi, Tanzania, Sudan Kusini na Jamhuri ya Afrika ya Kati. Kenya haina sokwe wa porini leo. Wale wa Sweetwaters, kule Ol Pejeta, wanatunzwa kwenye makao yaliyofunguliwa mwaka 1993, na wa kwanza waliletwa kutoka Burundi wakati wa vita.

Kilichowatenganisha ni mito zaidi ya kitu kingine. Sokwe haogelei. Mto mpana kwake ni ukuta, na kundi lililobaki ng'ambo huendelea na maisha yake kwa maelfu ya miaka bila kuchanganya damu na wa upande wa pili. Ndivyo alivyopatikana hata bonobo, jamaa wa karibu wa sokwe anayeishi kusini mwa Mto Kongo peke yake. Huyo ametengana na sokwe muda mrefu kiasi cha kuhesabiwa spishi nyingine kabisa.

Sasa tuingie kwenye vinasaba, au DNA kama wengi tunavyozoea kusema. Watanzania wengi tumelijua neno hili kupitia kesi za "mtoto ni wa nani" na majibu ya Mkemia Mkuu wa Serikali. Hapo pana mwanzo mzuri. Ndani ya kila chembe ya mwili mna maandishi marefu ya maelekezo, yenye herufi nne tu zinazorudiwa mara mabilioni. Maandishi hayo yapo katika nakala mbili, moja ya mama na moja ya baba. Ndiyo maana mtoto hupimwa na baba akatambulika: nusu ya maandishi ya mtoto lazima ifanane na ya mzazi huyo. Jeni ni sentensi moja ndani ya maandishi hayo, yaani sehemu yenye maelekezo ya kazi fulani, mfano namna ya kutengeneza damu nyekundu.

Ukilinganisha maandishi ya binadamu na ya sokwe herufi kwa herufi, yanafanana kwa karibu asilimia 98.8. Rasimu ya kwanza ya maandishi ya sokwe ilichapishwa mwaka 2005, na tangu hapo namba hiyo imezungushwa sana na kueleweka vibaya. Haina maana kwamba sokwe ni mtu aliyebakiza hatua ndogo. Katika maandishi ya herufi bilioni tatu, asilimia moja na kidogo ni makumi ya mamilioni ya tofauti. Wala haina maana kwamba babu yetu alikuwa sokwe. Sisi na wao ni matawi mawili ya shina lililogawanyika miaka kama milioni sita au saba iliyopita, na wao wamekuwa wakibadilika kwa njia yao muda wote huo kama sisi kwa njia yetu. Ni binamu zetu. Binamu yako hakukuzaa, na hata ukimlea vizuri hatageuka kuwa wewe.

Kuna jambo lililonishangaza kuliko hiyo asilimia, na nadhani ndilo linalobeba makala hii nzima. Binadamu tupo bilioni nane, lakini kwa vinasaba tunafanana mno. Sokwe ni wachache, wa kuhesabika kwa mamia ya maelfu tu, na bado tofauti zilizopo kati yao ni nyingi kuliko zetu. Mwaka 2012 watafiti walilinganisha makundi ya sokwe wa Kameruni, mengine yakitenganishwa na mto tu. Wakakuta makundi hayo yanatofautiana kivinasaba kuliko watu wa mabara mawili tofauti. Yaani mtu wa Mwanza na mtu wa Beijing wanakaribiana kuliko sokwe wa ng'ambo hii ya mto na sokwe wa ng'ambo ile.

Kwa hiyo ukisikia "wamebaki sokwe kadhaa", jiulize pia ni wapi. Mia moja wakipotea mahali pamoja wanaweza kuondoka na maandishi ambayo hayapo popote pengine.

Turudi kwa mfugaji. Anayefuga kuku wa kienyeji anajua: jogoo yuleyule akipanda mama, kisha watoto, kisha wajukuu, baada ya miaka michache vifaranga wanakufa ovyo na mayai hayaanguliki vizuri. Ndiyo maana watu hubadilishana majogoo na kijiji cha jirani. Sababu yake inafafanuliwa vizuri na ugonjwa tunaoujua wenyewe, selimundu. Mtu akiwa na nakala moja yenye kasoro na nyingine nzima, ile nzima humkinga na haumwi. Wazazi wawili wa namna hiyo wakikutana, mtoto anaweza kupata nakala mbovu zote mbili, na huyo ndiye anayeumwa. Kila kiumbe hubeba kasoro zake kadhaa zilizojificha namna hiyo. Ndugu hubeba zilezile. Wakizaana, zinakutana.

Je, sokwe analijua hilo? Kwa namna yake, ndiyo. Katika jamii ya sokwe dume habanduki: anazaliwa, anakua na kufa katika kundi la mama yake, na pamoja na kaka na jamaa zake madume hulinda mipaka. Anayehama ni jike. Akifika umri wa balehe, kati ya miaka 11 na 14 hivi, huanza kukaa pembezoni, hupotea siku mbili akarudi, kisha siku moja hapatikani tena. Amevuka mlima kwenda kwa watu asiowajua. Huko majike wenyeji watamsumbua, wakati mwingine kumpiga, lakini madume watampokea. Anafika mikono mitupu, na ndani ya damu yake kuna mali ambayo kundi lile halikuwa nayo. Huyu binti anayehama ndiye jogoo wa kijiji cha jirani.

Sasa Gombe kuna nini? Hifadhi ilitangazwa mwaka 1968, na nchi kavu yake ni kama kilomita za mraba 35 tu, utepe mwembamba kati ya Ziwa Tanganyika na ukingo wa milima. Mahale, kusini zaidi kando ya ziwa hilohilo, ina kilomita za mraba 1,613. Katika utepe ule wa Gombe mna makundi matatu: Mitumba kaskazini, Kasekela katikati na Kalande kusini. Miaka ya 1960 sokwe wote wa pale walikadiriwa kufikia 150. Nje ya mpaka, upande wa mashariki, ni mashamba ya mihogo, michikichi na makazi ya watu. Binti wa Kasekela anayetaka kuhama ana chaguo la Mitumba au Kalande, na wengine wengi huishia kubaki nyumbani. Wageni wa kutoka nje ya hifadhi ni adimu.

Matokeo yake yameonekana. Vipimo vya vinasaba vimethibitisha angalau kesi moja ya dume, Frodo, kuzaa na mama yake mzazi, Fifi. Mtoto huyo alikufa akiwa mdogo, ingawa alikufa wakati wa mlipuko wa upele, na siwezi kusema undugu ndio uliomuua. Ila nisikilize hapa, kwa sababu picha si ya giza tupu: kesi za namna hiyo ni chache. Utafiti wa Gombe uliotoka mwaka 2017 ulionyesha kwamba hata jike aliyebaki katika kundi alilozaliwa huelekea kuzaa na dume asiyefanana naye sana kivinasaba, kuliko ambavyo ingetokea kwa bahati tu. Anamtambuaje, kwa harufu, kwa sura au kwa sauti, bado ni fumbo. Lakini anachagua. Kwa hiyo wale 100 hawajasimama ukingoni mwa kaburi leo. Wana akiba, na wana tabia inayoilinda akiba hiyo. Kinachopungua mwaka hadi mwaka ni njia ya kuiongezea.

Mtu atauliza haya yote yamejulikanaje, kwani nani atamshika sokwe wa porini amtoe damu? Hakuna anayemshika. Alfajiri, kabla jua halijapanda juu ya ukingo wa Gombe, wafuatiliaji huwa wameshafika chini ya mti ambako jana jioni walimwacha sokwe amelala. Sokwe hutengeneza kiota kipya karibu kila jioni: hukunja matawi ya kijani kuelekea katikati, huyakanyagia yashikane, kisha hutandika majani mororo juu yake. Akiamka, hukaa pembeni ya kiota na kujisaidia kabla ya kushuka. Walio chini wanajua wasimame wapi. Kinyesi kikianguka, mmoja huandika jina la sokwe, tarehe na saa. Mwingine huchukua kwa kijiti kipande kidogo cha ngozi ya nje ya kinyesi, ile inayong'aa, na kukitia kwenye kichupa chenye dawa ya kuhifadhi, maana huku juu hakuna jokofu. Ule mng'ao ndio wenye thamani. Ni utando uliotoka kwenye utumbo, na ndani yake mna chembe za sokwe mwenyewe.

Kwenye maabara kazi ni kubwa zaidi, kwa sababu sehemu kubwa ya vinasaba vilivyomo humo ni vya bakteria na vya chakula alichokula. Kuvitoa vya sokwe ni kama kuokota punje chache za mtama ndani ya gunia la mchele. Hata hivyo imewezekana. Mwaka 2022 watafiti walitoa ramani ya vinasaba iliyotokana na vinyesi 828 kutoka maeneo kadhaa ya Afrika, magharibi hadi mashariki. Kwa ramani hiyo, mtoto wa sokwe aliyekamatwa kwa mlanguzi anaweza kupimwa na asili yake ikajulikana kwa ukaribu wa kilomita kama 100 hivi. Hilo lina maana kubwa. Mtoto mmoja anayeuzwa ni mama aliyeuawa msituni, mara nyingi na wengine waliojaribu kumtetea, kwa kuwa sokwe hamwachii mtu mwanawe. Jike huzaa mara moja kila miaka mitano au sita. Hesabu mwenyewe hasara yake.

Tufike sasa kwenye pendekezo la kuhamisha sokwe.

Wa Rubondo kwanza. Kisiwa hicho cha Ziwa Victoria hakikuwa na sokwe. Walipelekwa kati ya mwaka 1966 na 1969 na Bernhard Grzimek, mhifadhi wa wanyama kutoka Ujerumani, wakitoka Ulaya walikokuwa wamefungwa, na inaaminika wengi wao asili yao ni Afrika Magharibi. Walistawi na kuzaana, jambo la kufurahisha, na moja ya sababu ni kwamba hawakukuta mwenyeji. Kuwaingiza Gombe kungekuwa kuchanganya nususpishi zilizotengana kwa mamia ya maelfu ya miaka.

Wa Uganda ni nususpishi moja na wetu, hilo kweli. Lakini kumbuka tabia ya madume. Dume mgeni akishushwa kwenye himaya ya watu huuawa, na mtoto mgeni pia yumo hatarini. Anayepokelewa ni jike kijana anayekuja kwa miguu yake, kwa wakati wake. Halafu kuna suala la mazingira. Januari 2025, jarida la Science lilichapisha utafiti ulioonyesha kwamba sokwe wanaoishi kwenye misitu minene wana mabadiliko katika jeni kadhaa zinazohusiana na kinga dhidi ya malaria. Miongoni mwake imo ileile jeni ya damu ambayo kwetu binadamu inahusika na selimundu. Kwa maneno mengine, sokwe wa kila eneo ameandikwa na eneo lake. Wa msitu mzito wa mvua na wa miombo kavu ya Ugalla, magharibi mwa Tanzania, si vipuri vya kubadilishana.

Kuna na lile la UKIMWI, ambalo hujitokeza kila sokwe wakitajwa, na wengine hulitumia kusema bora waishe. Ni kweli VVU vilivyoenea duniani vina asili ya virusi vya sokwe. Mwaka 2006 chanzo hicho kilionyeshwa kuwa sokwe wa kusini-mashariki mwa Kameruni. Maelezo yanayokubalika ni kwamba viliingia kwa binadamu kupitia damu wakati wa kuwinda na kuchinja. Virusi vya sokwe wa mashariki ni vya tawi jingine, ambalo halijakutwa kwa binadamu. Vilevile, sokwe hawabebi virusi hivyo bila madhara kama ilivyodhaniwa zamani: mwaka 2009 watafiti wa Gombe walionyesha kwamba sokwe mwenye maambukizi yuko katika hatari ya kufa mara 10 hadi 16 zaidi ya asiye nayo. Wanaumwa kama sisi. Na mara nyingi ni sisi tunaowaambukiza. Mwaka 1966 sokwe wa Gombe walikumbwa na polio, na mafua yetu ya kawaida yamewahi kuua sokwe Gombe na Mahale pia. Ukitembelea na kuambiwa ubaki mita 10, uvae barakoa, au usipande kabisa kwa kuwa una kikohozi, mwongozaji hakuonei. Undugu wetu wa asilimia 98.8 ndio unaofungua mlango huo.

Kama kuhamisha si jibu, jibu liko wapi? Liko nje ya hifadhi, na hapa ndipo mjadala wetu unapokosea zaidi. Tunazungumza kana kwamba sokwe wa Tanzania ni wa Gombe. Nchi nzima ina sokwe zaidi kidogo ya 2,000, na wengi wao hawaishi ndani ya hifadhi ya taifa yoyote. Wako Masito, Ugalla, misitu ya Tongwe, kwenye ardhi za vijiji na misitu ya akiba ya Kigoma na Katavi. Kwenye miombo ile chakula kimetawanyika, na kundi moja linaweza kuzungukia eneo kubwa kuliko Gombe yote. Kwa upande wa kaskazini, ndugu wa karibu wa sokwe wa Gombe wako Burundi, kwenye mabaki ya misitu kama Vyanda. Shamba moja, tanuri la mkaa au barabara yenye makazi mfululizo yaweza kukata njia ambayo majike wameipita vizazi na vizazi. Watafiti na maofisa wa wanyamapori huita njia hizo shoroba.

Wenye ardhi hizo ni wanavijiji, na wana mahitaji yao. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Goodall aliruka kwa ndege juu ya Gombe akaona vilima vya nje vimebaki upara. Mradi wa TACARE uliozaliwa mwaka 1994 ulianza kwa kuwauliza watu wanataka nini: maji, shule, zahanati, mbegu bora. Misitu ilikuja baadaye, kupitia mipango ya matumizi bora ya ardhi, ambapo kijiji chenyewe kilikaa kwenye mkutano mkuu na kutenga msitu wake wa hifadhi. Walinzi wa misitu hiyo ni vijana wa hapohapo. Wanatembea na simu na kurekodi kisiki kipya, mtego, tanuri la mkaa, na siku njema, kiota.

Kwa sehemu kubwa hakuna miti iliyopandwa. Miombo ikikatwa huacha visiki vilivyo hai, na mtu akiacha kukichoma moto na kukikata tena, kisiki huchipua chenyewe. Ndani ya miaka kumi na kitu kinakuwa mti wa kubeba kiota. Jike aliyezaliwa Kasekela mwaka huu atafikia umri wa kuhama katika muda kama huohuo.